Barua ya deni imekuja baada ya kustaafu: je, wanaweza kukata kiinua mgongo changu?

Swali: Wakili, nimefundisha shule ya msingi huku Kibosho miaka 30 kamili, nikastaafu kwa lazima Juni 2025. Mafao yangu hayajatoka hadi leo. Tarehe 8 Septemba nilikabidhiwa barua ya halmashauri. Inasema nilipopandishwa daraja Julai 2013 niliingizwa ngazi ya mshahara ya juu kuliko niliyostahili, nikazidishiwa wastani wa shilingi 60,000 kwa mwezi kwa miezi 144, jumla shilingi 8,640,000, na kwamba fedha hizo zitakatwa juu kwa juu kwenye kiinua mgongo. Afisa utumishi ananiambia nisaini fomu ya kukiri deni ili jalada langu liende Mfuko wa pensheni, la sivyo nitakaa. Juu ya hayo, saccos yetu inanidai 2,300,000 kwa sababu nilimdhamini mwalimu mwenzangu akahama, nao wanasema watazichukua humo humo. Sheria inawaruhusu? Nisaini? — Mwalimu mstaafu, Moshi Vijijini

Jibu:

Shikamoo mwalimu. Fomu hiyo usiisaini. Naanza na hilo kwa sababu mengine yote tunaweza kuyarekebisha kwa barua na kwa mahakama, lakini saini yako mwenyewe ni ngumu kuifuta.

Jiulize kwanza kwa nini wanaitaka. Kama ofisi ingekuwa na uwezo wa kukata fedha zako bila wewe, isingekushinikiza usaini. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004, kifungu cha 28, inamkataza mwajiri kukata ujira wa mfanyakazi isipokuwa pale sheria, amri ya mahakama au mfano wa hayo inaporuhusu, au mfanyakazi mwenyewe anapokubali kwa maandishi. Hata akikubali, makato ya kumfidia mwajiri hasara yamewekewa kikomo cha robo ya ujira. Sasa angalia fomu yako: ni hayo "maandishi" yanayotafutwa. Ukisaini, unakiri kwamba hesabu ni sahihi, kwamba kosa lilikuwepo, na kwamba umeridhia kulipa. Mambo matatu katika mstari mmoja, na hakuna hata moja walilokuthibitishia.

Wahindi wana shauri ambalo huwa nawasimulia wateja wangu hapa Arusha. Mwaka 2016 Mahakama ya Juu ya India iliamua kesi ya Jagdev Singh, aliyekuwa hakimu. Alipopangiwa mshahara mpya alisaini ahadi kwamba ikibainika amelipwa zaidi atarudisha. Baadaye ikabainika. Mahakama ikasema saini yake inamfunga, ikaamuru fedha zirudishwe kidogo kidogo ndani ya miaka miwili. Huyo ni mtu wa sheria, na saini ilimshika.

Kama ulikwisha kusaini kabla ya kupata jibu hili, usikate tamaa. Andika barua leo, useme ulisaini kwa kuambiwa kwamba bila hivyo hutalipwa mafao, kwamba hukuonyeshwa mchanganuo wowote, na kwamba unaondoa ridhaa hiyo. Ridhaa iliyopatikana kwa shinikizo ina kasoro mbele ya Sheria ya Mikataba. Ila kuiondoa kunahitaji kazi, na kutoitoa hakuhitaji kitu.

Tuje kwenye fedha zenyewe. Tangu 1999 asilimia 5 ya mshahara wako ilikatwa, mwajiri akaongeza 15, ikawa 20 inayokwenda kwenye mfuko: kwanza PSPF, na tangu Agosti 2018, ilipoungana na mifuko ya LAPF, PPF na GEPF, ni PSSSF, yaani Mfuko wa Hifadhi ya Jamii kwa Watumishi wa Umma. Halmashauri haina fungu ndani ya mfuko huo. Ilikuwa na wajibu wa kuchangia, ikachangia, basi. Fedha zako ziko kwa taasisi nyingine, chini ya sheria nyingine, na sheria hiyo inayakinga mafao ya mwanachama yasikamatwe kwa madeni ya kawaida. Ibara ya 24 ya Katiba yetu inampa kila mtu haki ya kumiliki mali na kuilinda mali hiyo kwa mujibu wa sheria, na mafao uliyokwisha kuyastahili ni mali. Katika India jambo hili lilitamkwa mapema, mwaka 1971 kwenye kesi ya Deokinandan Prasad dhidi ya jimbo la Bihar: pensheni ni mali ya mstaafu, na serikali haiigawi kama zawadi inayoweza kuizuia ikijisikia.

Hapa kwetu kuna tukio linaloonyesha jambo hilo kuliko hukumu nyingi. Unakumbuka watumishi walioondolewa kazini mwaka 2017 kwa vyeti vya kughushi? Hao waliingia kazini kwa udanganyifu. Hata hivyo, mwaka 2022 Serikali iliamua warudishiwe ile asilimia 5 waliyochangia wenyewe. Kama fedha ya aliyeghushi cheti ilionekana ni yake, mwalimu aliyeripoti shuleni asubuhi kwa miaka 30 asizungushwe na fomu.

Sasa niwatendee haki wenzetu wa halmashauri, maana hawakulitoa hewani. Sheria za pensheni ambazo Mwingereza aliziacha katika makoloni yake zilikuwa na kifungu kinachofanana kila mahali: pensheni haihamishwi, haiwekwi rehani, haikamatwi kwa deni lolote, isipokuwa deni la Serikali. Maneno hayo ya mwisho yaliingia kwenye mazoea ya masijala zetu na hayajatoka. Marehemu baba yangu alistaafu kabla ya 1999, enzi ambazo mtumishi hakuchangia na Hazina ndiyo iliyolipa. Ofisi yake ya zamani ilimwambia maneno hayohayo: "Mzee, hili ni deni la Serikali." Lilikuwa godoro la nyumba ya kazini na baiskeli ambayo alikuwa ameirudisha, na stakabadhi alikuwa nayo. Alikatwa hata hivyo, kwa sababu hakujua kwamba angeweza kuuliza. Nilikuwa kijana wa sekondari. Sikusahau.

Neno la kushikilia hapo ni "deni". Deni ni kile kilichothibitika: umekopa na mkataba upo, au umekiri, au chombo chenye mamlaka kimekusikiliza na kuamua. Kabla ya hapo ni dai tu. Halmashauri ina dai dhidi yako la shilingi 8,640,000. Inaweza kulileta, kulitetea, hata kulishinda. Isichoweza ni kuwa mlalamikaji, hakimu na dalali wa mahakama kwa wakati mmoja. Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba inataka mtu asikilizwe kikamilifu haki zake zinapoamuliwa, na Mahakama ya Rufani mwaka 2003, katika shauri la Mbeya-Rukwa Autoparts, ilisema wazi kwamba haki ya kusikilizwa kwetu ni ya kikatiba, si kanuni tu ya desturi za mahakama. Barua yako ya Septemba haikukuuliza kitu. Ilikutaarifu. Hapo ndipo ilipoanza kuvunjika.

Jambo la pili la kisheria ni chanzo cha kosa. Kuna tofauti kubwa kati ya fedha ulizojipatia kwa hila, hasara uliyoisababisha kwa uzembe, na fedha ulizolipwa kwa kosa la aliyekulipa. Ya kwanza hakuna mahakama itakayokutetea, na mimi pia sitakutetea. Ya pili ina utaratibu wake chini ya Sheria ya Fedha za Umma, na huanza kwa uchunguzi. Ya tatu ndiyo yako, kama unavyoeleza. Wewe hukujiingizia mshahara. Mwaka 2013 madaraja ya walimu yalikuwa yakishughulikiwa na Idara ya Utumishi wa Walimu. Tume ya Utumishi wa Walimu iliundwa kwa sheria ya 2015. Kwa hiyo kuna mtu aliyepandisha, mtu aliyeingiza ngazi kwenye mfumo wa mishahara, na mtu aliyeidhinisha. Halafu miaka 12 ikapita ya uhakiki juu ya uhakiki, pamoja na ule mkubwa wa 2016 wa watumishi hewa, na hakuna aliyeona.

Kuhusu fedha za aina hii ya tatu, India wamefika mbali kuliko sisi, na maneno yao yana uzito kwetu kwa sababu ya undugu wa sheria: Sheria yetu ya Mwenendo wa Madai ya 1966 ni mtoto wa ile ya India ya 1908, na Sheria yetu ya Mikataba vilevile ilifuata ya kwao. Tarehe 18 Desemba 2014, katika kesi ya Rafiq Masih, Mahakama yao ya Juu ilitaja hali ambazo mwajiri wa umma hawezi kudai arudishiwe fedha alizozidisha mwenyewe kwa kosa. Miongoni mwake: mfanyakazi wa ngazi za chini, mfanyakazi aliyestaafu, au aliyebakiza mwaka mmoja kustaafu, na malipo yaliyoendelea zaidi ya miaka mitano kabla ya amri ya kudai kutolewa. Wewe mwalimu, kwa kipimo hicho, umeingia kwa milango miwili. Mei 2022 wakaamua la Thomas Daniel, mwalimu wa Kerala aliyestaafu 1999 na kudaiwa nyongeza za mshahara alizolipwa kimakosa miaka mingi nyuma. Mahakama ikasema hakudanganya, hakujua, na fedha alishazila na watoto wake kwa mujibu wa mshahara aliojua ni wake. Kumkata sasa ni kumtesa. Hazikukatwa.

Nisikudanganye: hukumu za India hazizifungi mahakama zetu, zinazishawishi tu. Tena hata huko India upo upande wa pili. Mwaka 2012, katika kesi ya Chandi Prasad Uniyal, mahakama hiyohiyo ilisema hizi ni fedha za walipa kodi, na kwa kawaida aliyelipwa zaidi arudishe. Naiheshimu hoja hiyo. Fedha za halmashauri ni dawa za zahanati na madawati. Lakini anayeleta hoja hiyo baada ya miaka 12, siku mtu anaponyoosha mkono kupokea kiinua mgongo, aseme kwanza alikuwa wapi, na amwambie mstaafu huyo atazirudisha kutoka mshahara upi.

Sasa kuna jambo ambalo hukuniuliza, na kwa maoni yangu ni kubwa kuliko milioni nane. Ukikiri kwamba ngazi yako ya mshahara haikuwa sahihi, hutakatwa mara moja tu. Pensheni yako inapigwa kwa kutumia mshahara wako wa miaka ya mwisho. Kikokotoo kinachukua miezi ya utumishi wako, gawa kwa 580, zidisha kwa mshahara wa mwaka; asilimia 40, kwa ninyi mliotoka PSPF, inazidishwa kwa 12.5 na kulipwa kwa mkupuo, na 60 inayobaki inagawanywa kwa 12 kuwa pensheni ya kila mwezi. Wewe una miezi 360. Shilingi 60,000 kwa mwezi ni 720,000 kwa mwaka. Ukipiga hesabu, kushushwa kwa ngazi hiyo kunakupunguzia takriban 2,234,000 kwenye mkupuo na takriban 22,300 kila mwezi, mpaka siku ya mwisho ya maisha yako. Kwa miaka 15 hiyo 22,300 peke yake inazidi milioni nne. Fomu uliyopewa haina neno hata moja kuhusu hilo, na sidhani kama afisa utumishi amelifikiria. Na kama michango ilikatwa kwenye mshahara huo mkubwa kwa miaka 12, yako na ya mwajiri, nani amesema michango ya ziada itakwenda wapi?

Vilevile usikubali kwamba mafao yote yakae kabatini kwa sababu ya sehemu moja yenye mgogoro. Chukua mfano wa mshahara wa mwisho wa 1,200,000: kwa miezi 360 mkupuo unafika karibu milioni 44.7 na pensheni ya mwezi karibu 447,000. Wanabishania milioni 8.6, wanazuia zote. Kwenye barua yako omba waziwazi kwamba jalada lipelekwe Mfuko na sehemu isiyobishaniwa ilipwe sasa, pamoja na pensheni za miezi iliyopita, huku hilo dai likishughulikiwa kwa njia yake. Nimeona ombi hili likikubaliwa mara nyingi kuliko linavyokataliwa, kwa sababu hakuna mkurugenzi anayependa kuandika sababu za kukataa.

Barua mwandikie mkurugenzi. Nakala moja iende ofisi ya wilaya ya Tume ya Utumishi wa Walimu, nyingine kwa meneja wa PSSSF wa mkoa. Isiwe ndefu wala ya hasira. Omba barua ya kupandishwa daraja ya 2013 na waraka wa mishahara wa mwaka huo unaoonyesha ngazi gani ilikuwa sahihi; omba mchanganuo wa mwezi kwa mwezi, maana neno "wastani" kwenye barua ya deni linaniambia hakuna aliyekaa na slipu zako; uliza nani aliamua na lini; na uliza swali hili, hivi hivi: "Naomba kutajiwa kifungu cha sheria kinachoruhusu halmashauri kuelekeza mafao yangu yakatwe bila uamuzi wa chombo chochote." Swali hilohilo muulize Mfuko. Kisha peleka kwa mkono, nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Majibu ya mdomo dirishani yasikilize kwa adabu, halafu omba yaandikwe.

Tafuta slipu zako za 2013 na 2014 hata kama ziko chini ya kitanda. Slipu ya kabla ya daraja na ya baada yake zinaweza kuonyesha kwamba ngazi uliyopewa ilikuwa sahihi tangu mwanzo. Tumekuwa tukizungumza kana kwamba kosa lipo. Huenda halipo.

La saccos ni jepesi zaidi. Wale ni wadai wa kawaida kabisa. Mafao yako yaliyo mikononi mwa Mfuko hawayagusi, na wakikuambia "tutayachukua humo humo" waambie waonyeshe wapi. Wanachoweza kukishika kwa mujibu wa masharti yao ni akiba na hisa zako kwao. Usipuuze lakini: mdhamini ni mdaiwa kweli, na sheria haiwalazimishi wamalize kwanza kumfuata aliyekopa, labda mkataba useme hivyo. Soma ulichosaini. Ukilipa chochote, dai stakabadhi, kwa sababu una haki ya kumfuata mwenzako akurudishie. Na fungua akaunti ya pensheni peke yake, isichanganywe na ya saccos wala ya biashara ya ndizi. Fedha ikishaingia benki na kuchanganyika, kinga yake ni ngumu kuitetea. Kadi ya benki na namba ya siri usimpe mtu yeyote kama dhamana, hata akiwa mtoto wa jirani.

Mwisho ni muda, na hapa wastaafu wengi huumia. Kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma kinataka njia za ndani ya utumishi zimalizwe kwanza kabla ya zile za sheria za kazi, ndiyo maana barua kwa mkurugenzi na Tume inatangulia. Ukitaka kuishtaki Serikali kwa madai ya kawaida, unatoa notisi ya siku 90 na Mwanasheria Mkuu anaunganishwa. Ukitaka Mahakama Kuu iupitie uamuzi wenyewe na kuutengua, unaomba kibali ndani ya miezi sita tangu uamuzi ulipotolewa. Usiache maneno ya "tunalishughulikia, mama" yakupitishe miezi hiyo. Kwa kesi ya Mahakama Kuu huna haja ya kuja Arusha. Masjala ipo Moshi mjini. Kama huna fedha za wakili, shirika la KWIECO hapo Moshi linatoa msaada wa kisheria, na Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora inapokea malalamiko dhidi ya ofisi za umma bila malipo.

Barua ulikabidhiwa tarehe 8 Septemba 2025. Miezi sita inafika tarehe 8 Machi 2026, ambayo ni Jumapili. Andika barua wiki hii, wape siku 21 za kujibu, na wakinyamaza uwe na mtu wa sheria kabla ya Krismasi, ili maombi yaingie masjala mapema Februari.